Shangazi anajibu: "Nimekwama ukurasa wa tatu, na kaka ananicheka"

Shangazi, shikamoo.

Mimi ni msichana wa miaka 27, karani katika ofisi ya uwakala wa forodha hapa Malaba, upande wa Uganda. Kazi yangu ni kupokea karatasi za madereva wa malori yanayotoka Mombasa, kulinganisha namba za chesisi na za kontena na kile kilichoandikwa, kuingiza yote kwenye mfumo, kisha kungoja. Tunangoja sana, Shangazi. Mtandao ukikatika usiku, madereva hujazana kwenye benchi letu, wanaagiza chai na chapati kwa mama wa ng'ambo ya barabara, na mazungumzo yanaanza.

Usiku mmoja mwezi uliopita dereva mmoja mtu mzima, sisi tunamwita Mzee wa Trela, alitusimulia habari za lori lake. Alilinunua likiwa kuukuu. Injini ikafa, akaweka nyingine. Akapata ajali, kebini ikapinda, akanunua kebini ya lori lililochinjwa Nairobi. Mwaka huu amebadilisha ekseli na bodi. Akauliza, "Sasa hili ninaloendesha ni lile nililonunua, au ni jingine?" Utingo wake akasema ni lile lile, maana namba ya usajili ni ile ile. Mwingine akasema namba ni rangi tu juu ya bati. Mimi nikasema lori ni chesisi, kwa sababu hata forodha ndiyo tunayoitazama. Mzee akanigeukia: "Na siku nikikata chesisi nikaunga nyingine, mama?" Sikuwa na jibu. Nilifika nyumbani saa kumi alfajiri, na usingizi ukakataa kuja kwa sababu ya lori la mtu.

Mwalimu mmoja aliyekuwa akisubiri gari alituambia kuwa hayo tuliyokuwa tukibishania ni falsafa. Basi nilipotumwa Kampala nikapita kwa muuzaji wa vitabu vya mitumba, nikamwambia nataka falsafa. Akanipa Critique of Pure Reason cha Immanuel Kant, akasema huyu ndiye mkubwa wao. Nikalipa shilingi 15,000. Shangazi, wiki tatu sasa niko ukurasa wa tatu. Kiingereza nilikisoma hadi S6, yaani kidato cha sita, nikafaulu, lakini nikimaliza sentensi ya huyu mzungu nimeshasahau ilianzaje.

Kaka yangu, ambaye ana digrii, alikiona kitabu mezani akacheka mbele ya wageni. Alisema falsafa ni ya watu wa chuo kikuu, mimi nishughulike na kontena. Mimi sikwenda chuo kwa sababu baba alifariki mwaka ule na ada ikaishia kwake yeye. Mama naye ni mlokole. Aliposikia neno "falsafa" nilipomweleza, aliniomba nikirudishe, maana Biblia imeonya juu ya falsafa, na anaogopa nitaacha kusali.

Naomba uniambie ukweli. Je, akili yangu haifikii mambo haya? Kama inafikia, nianze na vitabu gani ambavyo mtu aliyechoka na kazi anaweza kuvisoma akavifurahia? Kuna vya Kiswahili? Na je, ni upumbavu kutaka kuvisoma pamoja na wale madereva?

Karani wa Mpakani, Malaba

*

Marahaba, binti yangu.

Hicho kitabu kiweke juu ya kabati, mahali pasipofika panya, na usikifungue tena mwaka huu. Sisemi hivyo kwa kukidharau. Kant alikitoa mwaka 1781, akiwa na miaka 57, na wasomi wa nchi yake mwenyewe, waliokulia ndani ya lugha ile, walilalamika kwamba hawakielewi. Moses Mendelssohn, mwanafalsafa aliyeheshimiwa Ujerumani kote, alimwandikia Kant kwamba kitabu kile kimekuwa kipimo cha afya yake: akijiona amepata nguvu, ndipo huthubutu kukishika. Mwaka 1783 Kant akalazimika kuandika kingine kifupi cha kuwapokea watu mlangoni. Wewe umekishika usiku, baada ya zamu, kwa lugha ambayo si ya mama yako. Akili yako haina kasoro, mwanangu. Ulipewa mzigo wa trela ukaubebe kwa baiskeli.

Sasa tuje kwenye lori, maana hapo ndipo barua yako iliponikamata.

Zaidi ya miaka 1,900 iliyopita, Mgiriki aliyeitwa Plutarch aliandika habari za merikebu ya Theseus, shujaa wa Athens. Watu wa Athens waliitunza merikebu ile kama kumbukumbu. Ubao ukioza, wanautoa na kuweka mpya. Ubao mwingine ukioza, vivyo hivyo. Plutarch anasema wanafalsafa waligawanyika juu yake, hawa wakisema ni merikebu ile ile, hawa wakisema siyo. Mwaka 1655 Mwingereza Thomas Hobbes akaongeza kitu kinachonifurahisha hadi leo: je, kama kuna mtu alikuwa akiziokota zile mbao kuukuu moja moja, akazihifadhi, kisha akaziunganisha tena kwa mpangilio wake wa kwanza? Zitakuwa merikebu mbili. Ipi ni ya Theseus?

Umeona? Mzee wa Trela, kwenye benchi la Malaba, bila kumsoma Plutarch wala Hobbes, amefika pale pale. Na majibu mliyotoa usiku ule si ya ovyo. Utingo alisema kitu ni jina na hati yake. Wewe ulisema kitu kina kiini, sehemu moja ambayo ikibaki chenyewe kimebaki. Mzee akakuuliza kiini hicho kikikatwa je. Watu wamelipwa mishahara kubishana hivyo. Kwa hiyo swali lako la kwanza nimelijibu: akili yako ilishafika kabla hujanunua kitabu chochote, na ulichokosa ni kitabu kinachoongea.

Nasema kinachoongea, na nina sababu. Kwa Socrates, ambaye wanafalsafa wengi humtaja kama baba yao, falsafa ilikuwa mazungumzo ya watu sokoni, na hakuandika hata mstari mmoja. Mwanafunzi wake Plato ndiye aliyeandika, na akaandika kama mchezo wa kuigiza, huyu anasema, yule anajibu. Anza na kile kifupi kiitwacho Apology, yaani utetezi wa Socrates mahakamani. Ni mwaka 399 kabla ya Kristo. Mzee wa miaka 70 amesimama mbele ya mamia ya wananchi wenzake, ameshtakiwa kwamba anaharibu vijana na haamini miungu ya mji. Anawaambia kwamba rafiki yake alikwenda kuuliza kwa waaguzi wa Delphi kama kuna mtu mwenye hekima kumzidi Socrates, akajibiwa hakuna. Yeye hakuamini. Akaanza kuzunguka kutafuta mwenye hekima zaidi ili apinge jibu lile. Akaenda kwa wanasiasa, kwa washairi, kwa mafundi. Mafundi, anasema, kweli walijua kazi yao kuliko yeye, ila kwa sababu walijua kazi yao wakadhani wanajua na mengine yote.

Soma sehemu hiyo kwa sauti, pole pole. Nakala yangu ya kwanza haikuwa na jalada, kurasa zilikuwa zimeshonwa kwa uzi wa magunia, na nilikuwa nikimsomea mama mkwe wangu mgonjwa, huku nikitafsiri kadiri nilivyoweza. Tulipofika mahali Socrates anapoambiwa apendekeze adhabu yake mwenyewe, naye anajibu kwamba anastahili kulishwa bure na mji kama washindi wa michezo, yule mama alicheka mpaka nikamshika mgongo. Baadaye, tulipofika kwenye hukumu ya kifo, hakutaka niendelee jioni ile. Aliniambia nifunge, kesho. Mama huyo hakupita darasa la nne.

Ukimaliza hapo, Kiswahili kinakungoja. Shaaban Robert aliandika Kusadikika, kikatoka mwaka 1951, nacho pia ni kesi. Karama ameshtakiwa na waziri Majivuno kwa kosa la kufundisha watu sheria. Anajitetea kwa kusimulia habari za wajumbe sita waliotumwa nje ya nchi wakalete maarifa, na waliporudi nayo badala ya shukrani wakatupwa gerezani. Kisome mara baada ya Plato, usiache mwezi upite katikati. Wote wawili wanauliza swali moja, kwa nini mji humwogopa anayewafundisha watu kuuliza, lakini hukumu zao haziishii mahali pamoja. Tofauti hiyo itakupa mazungumzo ya usiku mzima. Lugha ya Shaaban Robert ina uzito wake, ila ni uzito wa Kiswahili, na pale utakapokwama dereva wa Mombasa atakukwamua.

Kuhusu Kiingereza, kuna kitabu nampa karibu kila mtu anayeniuliza. Kinaitwa Sophie's World, cha Jostein Gaarder, mwalimu wa falsafa wa Norway, na kilitoka kwa lugha yao mwaka 1991. Ni hadithi. Msichana wa miaka 14 anarudi kutoka shule, anafungua sanduku la barua, anakuta bahasha yenye swali moja: wewe ni nani? Baadaye kidogo inakuja nyingine: dunia imetoka wapi? Kuanzia hapo mtu asiyemjua anamfundisha falsafa tangu Wagiriki wa kwanza, sura baada ya sura, na wakati huo huo kuna fumbo linaloendelea nyuma ya hadithi ambalo sitakuharibia. Uzuri wake ni kwamba ukichoka na somo, hadithi inakuvuta. Na hadithi ikikuchanganya, somo linakushika. Ni kinene, kwa hiyo sura moja kwa siku inatosha. Kasoro yake ninaiona kubwa: karibu safari yote ni Ulaya. Mtu anaweza kukimaliza akadhani Afrika hapakuwahi kuulizwa kitu. Ndiyo maana sitaki kiwe cha peke yake mkononi mwako.

Kama utataka kifupi zaidi, mtafute Thomas Nagel, What Does It All Mean?, cha mwaka 1987. Ni kurasa 100 hivi. Huyu hakutajii majina ya wakubwa wala miaka, anakuwekea tu maswali tisa na kuyazungusha mbele yako. Katika sura ya uhuru wa kuchagua, mtu yuko kwenye foleni ya chakula, anachukua keki ya chokoleti, kesho yake anasema, "Ningeweza kuchukua tunda." Nagel anauliza: ungeweza kweli? Maana yake nini kusema ungeweza, ikiwa kila kilichotangulia kilikuwa vile vile? Peleka swali hilo kwa dereva aliyekata kona usiku akakwepa mtoto, au aliyekosa kukwepa. Litakuwa na uzito ambao keki haina. Na kwa usiku wa mtandao kukatika, Julian Baggini ana The Pig That Wants to Be Eaten, cha mwaka 2005, visa 100 vifupi vifupi. Unasoma kimoja chai ikiwa bado ya moto na mnabishana mpaka lori liite.

Sasa nyumbani kwetu, na hapa nitakaa kidogo.

Okot p'Bitek, mwana wa Gulu, wengi wanamjua kwa Song of Lawino, utenzi wa mwaka 1966. Mke wa kijijini, Lawino, analalamika kwamba mumewe msomi, Ocol, anamdharau yeye na mama zake. Kuna sehemu anasema nyumba ya mume wake imekuwa msitu wenye giza, msitu wa vitabu. Soma sehemu hiyo, kisha umfikirie kaka yako, lakini umfikirie kwa upole. Anayecheka mbele ya wageni mara nyingi anaogopa. Ada ya nyumba nzima ilikwenda kwake, na huenda anaogopa kwamba ukisoma kwa kupenda utamfikia pale alipofika kwa mtihani. Usibishane naye. Mpe Lawino asome, mwombe akueleze Ocol amekosea wapi, halafu nyamaza umsikilize.

Okot aliandika pia kitabu kidogo cha hoja, African Religions in Western Scholarship, mwaka 1970. Humo anasimulia kisa cha mwaka 1911, mapadri wa Kiitaliano walipowauliza wazee wa Kiacholi: nani aliwaumba? Kiacholi hakikuwa na neno la kuumba kwa maana ile ya kutoa kitu pasipo kitu, kwa hiyo swali likawafikia wazee kama "nani aliwafinyanga?" Wazee wakaona swali halina kichwa wala miguu. Watu huzaliwa na mama zao. Wakabanwa. Ndipo mmoja akakumbuka kwamba mtu aliyezaliwa mzima anaweza kupata kifua kikuu cha uti wa mgongo akapinda, na hapo husemwa amefinyangwa na Rubanga, pepo wa ugonjwa huo. Basi akajibu: Rubanga ndiye anayewafinyanga watu. Na mapadri wakaandika kwamba jina la Muumba kwa Kiacholi ni Rubanga.

Soma kisa hicho mara mbili, mwanangu. Kinachekesha na kinauma, na ndani yake mna swali gumu kuliko kurasa zako tatu za Kant: je, tunaweza kuwaza jambo ambalo lugha yetu haina neno lake? Angalia hata Kiswahili chetu. Tunasema Mungu ameumba, tunasema mfinyanzi anaumba chungu, na tuna neno umbo. Neno letu nalo lina udongo mikononi.

Halafu kuna John Mbiti. Alizaliwa Ukambani Kenya, akafundisha Makerere tangu 1964 hadi 1974, na akiwa hapo ndipo kilipotoka kitabu chake African Religions and Philosophy, mwaka 1969. Huyu alidai kwamba kwa fikra za jadi za Kiafrika wakati una sehemu mbili, akazipa majina ya Kiswahili: Sasa na Zamani. Sasa ni yale yanayoishi, pamoja na yaliyopita karibuni na yanayokaribia kutokea. Zamani ni bahari ambamo kila kitu huzama mwishowe. Wakati ujao wa mbali, akasema, karibu haupo, maana bado haujatendeka. Wanafalsafa wengi wa Afrika walimpinga vikali.

Nawe unaweza kumpinga au kumtetea leo hii, kwa sababu maneno ni yako. Kiswahili kina kesho, kesho kutwa, mtondo, na mtondogoo, yaani siku ya nne kutoka leo. Wazungu wa Kiingereza chao hawana neno moja la siku hiyo. Je, si ushahidi kwamba tunautazama wakati ujao? Mbiti angeweza kukujibu: siku nne ziko wapi na miaka mia? Hapo utahitaji kufikiri tena. Madereva wako wanaohesabu siku za Mombasa hadi Kigali wana la kusema kuhusu hilo kuliko maprofesa wengi, na ninasema hivyo nikiwa sitanii.

Hata hilo la kuwasikiliza si langu. Henry Odera Oruka, wa Chuo Kikuu cha Nairobi, aliwaendea wazee wa vijijini, wengi wao bila shule, akawarekodi. Alikuwa akitofautisha wazee wawili: yule anayerudia mila kama alivyoipokea, na yule anayeipokea kisha akaihoji na kutoa sababu zake. Huyo wa pili ndiye aliyemwita mwanafalsafa. Kitabu chake Sage Philosophy kilitoka mwaka 1990. Si chepesi chote, ila yale mahojiano yenyewe yanasomeka vizuri, na utamkuta humo mtu anayefanana na Mzee wa Trela.

Mama yako. Kwanza usimfiche kitabu. Kitabu kilichofichwa chini ya godoro tayari kimekuwa dhambi kabla hakijasomwa. Na usimwambie kwamba hofu yake ni ujinga, kwa sababu anayoyasema yameandikwa, katika Waraka kwa Wakolosai sura ya pili: watu wasiwateke kwa falsafa na madanganyo matupu. Mwulize swali la kweli: onyo hilo linakataza kufikiri, au linakataza kutekwa? Ukiuliza kwa heshima atakujibu, na mtakuwa mmeanza.

Kisha mletee Augustino. Alizaliwa mwaka 354 Thagaste, ambayo leo iko Algeria. Ni Mwafrika wa bara hili hili. Kitabu chake cha Maungamo kimeandikwa chote kama sala, anaongea na Mungu tangu mwanzo hadi mwisho, na humo anaeleza jinsi mama yake Monika alivyomlilia na kumwombea kwa miaka mingi mpaka akaokoka. Nina hakika mlokole yeyote mwenye mtoto atamtambua mwanamke huyo kwa sentensi mbili. Anaungama pia alivyoiba mapeari na wenzake usiku, matunda ambayo hata hakuyataka, na anajitesa kujua kwa nini mtu hufanya ubaya usio na faida. Na katika sehemu ya kumi na moja anauliza wakati ni nini, akasema kwamba asipoulizwa anajua, akitaka kumweleza mtu hajui. Ndipo unaweza kumtajia mama kwamba Mbiti naye, yule wa Sasa na Zamani, alikuwa kasisi wa Kianglikana.

Je, kusoma kutakutikisa imani? Huenda kukaitikisa. Sitakudanganya. Najua waliosoma wakaacha kusali na najua waliosoma wakasali kwa kina zaidi. Ninachokuomba ni kwamba siku swali likikusumbua usilibebe peke yako kitandani, mpelekee mama au mchungaji wako likiwa bado dogo.

Kuhusu kusoma na madereva, fanya wiki hii. Usiite chama, usichague mwenyekiti. Leta kurasa mbili tu, ukitafsiri kwa Kiswahili kadiri unavyoweza, usome kwa dakika kumi, kisha uweke kitabu chini. Sharti moja ninalokusihi ulisimamie: kabla mtu hajampinga mwenzake, aseme kwanza mwenzake amesema nini, mpaka mwenyewe akubali, "Ndiyo, ndivyo nilivyosema." Mara ya kwanza watakuona msumbufu, lakini shikilia, maana bila sharti hilo mwenye sauti kubwa ndiye hushinda kila usiku. Nunua kaunta buku moja, uandike maswali tu, ukiacha nafasi ya majibu.

Fedha isikuzuie. Plato na Augustino wamekwisha kutoka kwenye haki za uandishi, unavipata bure kwenye simu kupitia Project Gutenberg, ingawa tafsiri zake ni za Kiingereza cha kizamani. Hapo hapo kuna Epictetus, aliyezaliwa mtumwa na alikuwa kiwete, ambaye maneno yake yaliandikwa na mwanafunzi wake. Kijitabu chake kinaanza kwa kutenga mambo yaliyo mikononi mwetu na yasiyo mikononi mwetu. Kisome siku mfumo wa forodha umelala na malori 40 yamepanga foleni. Na ukirudi Kampala, usimwachie muuzaji akuchagulie. Fungua kitabu katikati, soma ukurasa mzima ukiwa umesimama pale pale kibandani. Ukifika chini na kidole chako kinataka kufunua, lipa.

Kwa usiku wa kwanza, anza na lori, kwa sababu bado mna deni nalo. Wasomee merikebu ya Theseus, halafu nyongeza ya Hobbes. Kisha mwulize Mzee wa Trela ile injini yake ya kwanza na kebini iliyopinda viko wapi leo, na kama kuna fundi anayeviokota. Atakachojibu, naomba uniandikie.

Shangazi